Sukari Niliyompa Bi Afra

MAELEZO YA SHAHIDI
Kituo cha Polisi, Mjini Unguja, 15 Machi 2003

Jina: Nadra Jecha Pandu. Umri: miaka 24. Kazi: mshonaji kofia. Makazi: Mkunazini, kwa mama mkwe wangu, Bi Afra.

Mnamo tarehe 14 Machi 2003, Ijumaa, baada ya Alasiri, nyumbani kulikuwa na hitima ya marehemu baba mkwe. Bi Afra anaumwa sukari. Mume wangu humletea vidonge kutoka Maskati, vya kushusha sukari inayopanda mtu akila. Daktari alituambia mimi na wifi yangu Sheikha: asipokula, asimeze, sukari itashuka mno.

Dua haijesha, Sheikha akampa kidonge. "Meza kabisa, Mama. Wali unapakuliwa."

Nikamwambia, "Wifi, hakimezwi mpaka sinia iwe mbele yake. Wanaume ndio wanaanza kupewa."

Akasema, "Udaktari umesomea wapi wewe, kwenye kofia?" Wanawake wakacheka. Bi Afra akameza, hakutaka tugombane mbele ya watu.

Dua ikarefuka. Masinia yote ya mwanzo yakaenda barazani kwa wanaume. Bi Afra akaanza kutoka jasho na kutetemeka, akaniita kwa jina la dada yake aliyekufa. Nilimweka mwanangu chini, nikakoroga sukari kwenye bakuli, nikamnywesha kwa kijiko. Alikuwa bado anameza.

Sheikha akalipiga bakuli likamwagika. "Mgonjwa wa sukari unamnywesha sukari. Muuaji we."

Wote walimwamini. Hata mimi ningemwamini, kama ningekuwa sijui. Sukari iliyobaki vidoleni nilimpaka ndani ya mashavu mpaka waliponivuta. Wakampeleka hospitali, mimi nikafungiwa mlango nje, na mwanangu mkononi.

Sheikha anasema nilitaka kumuua mama yake. Nendeni hospitali mkaulize, ile dripu waliyomtundikia akazindukana ilikuwa na nini.

Leo Bi Afra anarudishwa nyumbani. Vidonge vimo mkobani mwa Sheikha. Sitaki aniombe radhi. Nataka aambiwe kabla ya chakula cha mchana: sinia kwanza, mbele ya macho yake, ndipo kidonge.

Niliyoyaona na niliyoyatenda ni hayo, sina la kuficha.

Sahihi: Nadra J. Pandu

Nimeyaandika mimi, Koplo Simai. Nilimsomea huku akinyonyesha, akakubali ni sahihi. Ujumbe wake kwa Sheikha nimeupeleka mwenyewe, saa sita mchana. Nimekuta kidonge kishatolewa, kimo kwenye kisahani mbele ya Bi Afra. Jikoni moto haujawashwa.