Jibu la Posa

Jumatatu, 3 Februari
Poda usoni, machozi ya maji ya bomba. Video nyingine fupi ya mapenzi, na mimi tena ndiye mchumba anayeachwa. Likoni nzima inacheka. Baba hajawahi kutazama hata moja. Kwake mimi naanika aibu kwenye simu za watu. Inaniuma. Nataka anione kazini, mara moja tu.

Jumatano, 5 Februari
Usingizi hauji kwa furaha.
Tulikuwa tunarekodi posa sebuleni kwetu, mimi ndiye bi harusi. Aliyepangwa kuigiza baba wa bi harusi kashikwa na homa. Kevo, mwelekezi wetu wa Changamwe, akamwomba baba yangu. Nilijua atakataa. Akaingia chumbani, akatoka na kanzu na kofia!
Wageni wakaleta posa. Baba alitakiwa kusema, "Tumekubali." Akasema, "Tumewasikia. Nendeni, tutawaletea jibu." Wakarudia. Naye akajibu vile vile.
"Mzee, hiyo itaua video," Kevo akalia.
"Posa haijibiwi papo hapo, mwanangu. Hata kwa mchezo. Watasema nimemchoka binti yangu."
Baba akaanza kuvua kofia. Akiondoka, harudi tena. Nikachomoka nyuma ya pazia na sinia ya kahawa, bi harusi mzima. Nikawamiminia wageni huku nikiwauliza kama jibu limeshapatikana. Baba akaisahau kamera.
"Rukia! Rudi ndani! Huna haya wewe?"
Wageni hoi kwa kicheko, kahawa mpaka kwenye mkeka. Kamera haikuzimwa.

Jumapili, 9 Februari
Video imelipuka mitandaoni! Simu haipumui. Kwenye feri wameniita "Bi Kahawa" mpaka tukafika ng'ambo. Kisauni wasichana wananiigiza, sinia na yote. Natamba, na sijifichi. Miaka yote hii ya kuachwa, leo mimi ndiye nyota.
Ila msikitini watu wamemzuia baba mlangoni kwa utani, wanadai jibu la posa. Karudi kimya, kala kimya. Naogopa nimemwaibisha.

Jumatano, 12 Februari
Bado haongei. Kevo anataka sehemu ya pili. Sithubutu kuuliza.

Alhamisi, 13 Februari
Nimemkuta baba uani, anapiga pasi kanzu ile ile. Nikamuuliza anakwenda wapi.
"Siendi popote. Mwambie Kevo awalete wageni kesho, baada ya swala. Jibu liko tayari."
Sikumuuliza ni jibu gani. Nimekwenda kuosha vikombe vya kahawa.