Bwawa la Kwanza

12 Februari

Mwanangu,

Salamu kutoka nyumbani. Mimi sijambo, ila magoti yanabishana nami kila nikitaka kuinuka. Wewe je? Unakula?

Picha yako imefika. Umependeza, lakini mbona umesimama ndani ya chemba ya majitaka iliyofunuliwa, na mabuti hadi mapajani? Nimeikata chini ya kiuno ndipo nikaitundika sebuleni. Sasa unaonekana umesimama mahali pa heshima. Mama Redio, huyu jirani yangu asiyezimika, akauliza, "Binti yako ni mhandisi wa nini?" Nikamwambia wa madaraja. Usininunie. Watu wanakula humu ndani, niwatajie vinyesi?

Yule muuza mbao aliyekuwa akikuulizia kaoa. Anasema hana neno na wewe, ila aliwahi kukaa karibu nawe kwenye harusi moja, na pua yake haijasahau.

Mama yako

3 Machi

Mama,

Shikamoo. Mimi mzima, nakula. Pole kwa magoti.

Daraja sijajenga hata moja. Nilianza kwa kushuka kwenye chemba na tochi mdomoni, wenzangu wakinichekea kutoka juu. Leo hao hao nawapangia kazi mimi. Ule mwaka wa kipindupindu, mtaa wa sokoni ulipona kwa bomba nililolilaza. Hakuna aliyenishukuru, watu wakishavuta maji chooni hawatazami nyuma.

Sasa sikiliza. Yatachimbwa mabwawa matatu ya kusafishia majitaka ya mji, na uwanja uliopatikana ni huo nyuma ya nyumba yako. Usipige kelele bado. Uchafu huingia bwawa la kwanza ukiwa mbichi, na hilo ndilo linalonuka. Ukifika la tatu maji yameshatulia, bata wanaogelea. Nimechora la tatu liwe upande wako, na la kwanza upande wa maghala, ambako hakai mtu. Wakubwa zangu wamekubali shingo upande, maana bomba litazunguka mbali.

Kutakuwa na mkutano wa wakazi, na atakayesimama mbele ni mimi. Watanirarua. Nataka mtu mmoja tu wa huko asimame aseme: huyu ni mwanangu, namwamini. Utasimama?

Binti yako

20 Machi

Mwanangu,

Nimesoma nimesimama, nikakaa, nikasoma tena. Mavi ya mji mzima nyuma ya jiko langu, nawe unaniletea habari za bata!

Haya, nitasimama. Nani mwingine atakutetea, wenye mavi yao? Njoo umevaa vizuri. Mabuti uyaache huko huko.

Mama yako

9 Aprili

Mwanangu,

Hujambo? Tangu mkutano uko kimya. Hata chai hukuja kunywa, ukaingia garini na nyanya mgongoni.

Nielewe, mama. Watu walishachemka. Muuza makaa alipokurushia ile nyanya mbovu akapaza sauti, "Huyu kazaliwa na nani?" wewe ukanitazama. Ulikuwa na haja gani ya kunitazama? Mama Redio akageuka: "Mbona anafanana na yule wa pichani kwako?" Nikasimama, nikajibu, "Wangu anajenga madaraja. Huyu simjui." Wakacheka, nikacheka nao.

Ulikuwa mdomo tu. Ningesema kweli, nani angekanyaga tena kwangu? Wewe una ofisi, mimi nina majirani hawa hawa. Na uliponiambia pale mbele, "Asante, mama, kaa chini," nikajua umenielewa.

Nasikia mradi umepitishwa hivyo hivyo. Basi vizuri. Lile bwawa la bata usilisahau.

Mama yako akupendaye

15 Mei

Mwanangu,

Bado kimya? Magoti sasa yamekuwa mawili dhidi ya mmoja.

Wameanza kuchimba. Nimewauliza vijana wa sururu bata watakuja lini, wamecheka hadi mmoja akakaa chini. Wanasema bomba kubwa linaingilia hapa, kwangu. Waambie wamekosea, mwanangu. Wewe ndiye mkubwa wao.

Mama yako

2 Juni

Kwa mwenye nyumba,

Salamu. Tunatumaini u mzima.

Barua yako imepokewa. Wachimbaji hawajakosea. Mchoro wa awali uliipendelea nyumba hiyo kwa kuwa mhandisi alidhani ana mama pale. Ilibainika mkutanoni kwamba hana. Kwa hiyo bomba limepewa njia fupi, na bwawa la kwanza litakuwa upande wako.

Nyumba iko nje ya mpaka wa mradi, hivyo hutahamishwa. Kwa taarifa yako, upepo wa hapo huvuma kuelekea jikoni karibu mwaka mzima.

Wako katika huduma,
Mhandisi wa Majitaka