Mfereji kwenye Jiwe la Korintho

Mwende dada yangu,

Mama ameamkaje? Uji anakunywa?

Huku Korintho jua ni kali kama la kwetu Mutomo, ila mji wote ulianguka zikabaki nguzo. Leo wenzetu wa kanisa walikimbilia pale Paulo aliposimamishwa mbele ya liwali, wapigwe picha. Mimi nilibaki kwenye kisima cha zamani na Eleni, mama anayetutembeza. Ukingo wa jiwe una mifereji, laini kama sabuni iliyotumika. Eleni alisema ni kamba za wanawake waliokuja kuteka maji, mama kisha binti, mpaka jiwe likalika. Ukiinama, maji bado unayasikia chini.

Niliweka kidole ndani ya mfereji. Akanikataza, mawe hayashikwi. Nikamwambia, "Mama yangu ana mfereji kama huu kwenye paji la uso." Nikamweleza vile alibeba mtungi mgongoni kutoka mtoni, mukwa, ule mkanda wa ngozi, ukimkaza kichwani, miaka yote hadi tukawa watu wazima. Eleni akageuka, akatazama kwingine, akaniacha nishike.

Najua Mama hatutambui tena kwa majina. Lakini jioni ukimwosha uso, pitisha kidole pole pole pale mukwa ulipokaa. Mwambie Musyoka amefika kisimani, na maji bado yapo.

Mungu akutie nguvu, dada.

Kakako Musyoka