Mchezaji wa Namba Zote

Yeoville, Johannesburg
8 Machi 2022

Mdogo wangu Exaucé,

Salamu nyingi katika jina la Bwana. Hujambo huko kwenye baridi? Kifua hakikusumbui? Mimi ni mzima, ila mikono inauma kwa kusuka kutwa, na mvua ya Joburg mwaka huu imekataa kuondoka. Nisalimie mama mdogo Benita na watoto wake, ambao nasikia sasa wamenipita urefu.

Ile video imefika. Tuliitazama wote hapa saluni, na wateja nusu ya vichwa vyao vimesukwa. Nilikuona unavua jezi yako na kuvaa ya yule kipa aliyepewa kadi nyekundu, glovu zinakupwaya. Nikafunika macho. Agnès, anayesuka kwenye kiti cha pili, ndiye aliyepiga kelele: "Ameudaka! Yaya, ameudaka!" Nilipofumbua macho ulikuwa umeulalia mpira kama mtu anayemkinga mtoto.

Jirani yetu Khatibu, yule Mtanzania anayetengeneza simu mlangoni petu, akaniuliza, "Kwani mdogo wako anacheza namba gani?" Nikamwambia mwaka jana alikuwa beki wa kulia, mwaka juzi kiungo, kabla ya hapo mshambuliaji, na leo kipa. Akacheka. "Basi huyo ni kiraka. Kwetu mchezaji anayeweza kujaza namba yoyote tunamwita kiraka. Timu haiendi bila mtu kama huyo." Siku nzima nilitembea nikijiona mrefu.

Unakumbuka nilichokuambia uwanja wa ndege, ukiwa na miaka kumi na mitatu na koti la mtu mzima? Wakikwambia kaa hapa, kaa. Wakikwambia nenda pale, nenda. Usichague. Ulishika neno langu, na ona ulipofika: mchezaji wa kulipwa, paspoti ya Ayalandi mfukoni. Mimi karatasi zangu za ukimbizi bado naziomba upya kila baada ya miezi sita, na siwezi kuvuka mpaka wowote. Lakini wewe unaweza. Miaka kumi na minne, Exaucé. Utakuja lini?

Uliniomba tuandikiane badala ya kupigiana simu, ili Kiswahili kisikutoke. Mimi natimiza yangu.

Ni mimi dada yako akupendaye,
Yaya Murielle


Ayalandi
20 Machi 2022

Yaya yangu,

Habari za huko? Mikono ipumzishe kidogo, nywele za watu haziishi. Mimi sijambo, mama mdogo hajambo, kifua kimepona.

Barua yako niliisoma ndani ya basi la timu, nikairudia mara tatu. Mwenzangu wa kiti akaniuliza kama imetoka kwa mwanamke. Nikamjibu ndiyo, ndiye aliyenilea tangu baba na mama walipofariki kule Uvira. Akaacha utani.

Baada ya ile mechi kocha Fintan alinishika bega mbele ya wote akasema, "Kitu kikivunjika, jina la kwanza linalonijia kichwani ni la Exaucé." Wakapiga makofi. Nilifurahi sana. Baadaye tu, nikiwa bafuni, nikajiuliza: na kisipovunjika kitu?

Lakini usijali, ni mawazo ya uchovu. Msimu huku unaisha Novemba. Desemba nitakuja. Naapa, Yaya. Andaa ugali na sambaza, na samaki wengine wadogo wowote watakaopatikana huko Johannesburg.

Mdogo wako,
Exaucé


Yeoville
27 Novemba 2022

Mdogo wangu,

Uhali gani? Sisi huku tu wazima na tuna kelele. Joto limeanza, na matunda yamejaa barabarani.

Chumba nimekipaka rangi ya krimu. Khatibu alinisaidia dari, mimi nikamaliza kuta. Nimeweka godoro jipya upande wa dirisha, wewe utalala hapo, mimi nitalala nyuma ya pazia kama tulivyofanya kule Malvern kabla hujaondoka. Kanisani Mchungaji ametangaza kwamba mchezaji wa Ayalandi anakuja, na vijana wameomba ucheze nao uwanjani. Nimewajibu kwa niaba yako. Wakauliza namba gani, nikasema yoyote!

Zimebaki siku kumi na tatu. Nazihesabu asubuhi nikiamka na tena nikifunga saluni, kana kwamba zinaweza kupungua katikati.

Njoo salama.
Yaya wako, Murielle


Ayalandi
16 Januari 2023

Yaya,

Nakusalimu kwa aibu. Najua ujumbe ule mfupi wa "nimeshindwa" haukutosha. Natumaini u mzima na umenisamehe, hata nusu.

Siku tatu kabla ya ndege, klabu moja ya Uingereza iliniita kwenye majaribio. Walikuwa wanatafuta beki wa kulia na kiungo, na zote nazijua. Nikasema hii ndiyo nafasi yangu, Yaya ataelewa. Nilifanya mazoezi nao wiki mbili. Siku ya mwisho bosi wao akaniita ofisini.

"Wewe unacheza wapi?" akaniuliza.

"Popote mtakaponiweka."

"Sijakuuliza tutakuweka wapi. Nakuuliza wewe unacheza wapi."

Nina miaka ishirini na saba, nimecheza mechi zaidi ya mia mbili, nimevaa jezi ya kijani ya vijana wa taifa mara mbili, mara moja beki na mara moja winga, na sikuwa na jibu. Wakamchukua kijana mwingine. Mguu wake wa kushoto haujui kitu, lakini anajua yeye ni beki wa kulia.

Nimerudi kwa Fintan. Pole kwa godoro. Pole kwa kila kitu.

Mdogo wako,
Exaucé


Yeoville
2 Februari 2023

Mdogo wangu Exaucé,

Nimekusamehe yote, si nusu. Natumaini unakula. Huku tuko salama.

Ilibidi Mchungaji atangaze tena kwamba hukuja. Watu walinipa pole kama nimefiwa, nikacheka, bon, maisha ni hivyo. Wewe usikate tamaa. Waingereza hawakukuelewa. Mwaka huu wakikupa namba yoyote, cheza, usiulize.

Kwangu hakuna jipya. Kuna kauvimbe kwenye titi, kadogo kama haragwe. Nilikwenda kliniki lakini foleni ilikuwa ndefu mno na mteja alikuwa ananisubiri, nikageuza. Nitarudi siku nyingine.

Tuombeane.
Yaya Murielle


Ayalandi
30 Oktoba 2024

Murielle,

Najua sijaandika karibu miaka miwili. Natumaini u mzima.

Wameniacha. Fintan alifukuzwa mwezi wa sita, akaja kocha mpya, kijana wa rika langu. Leo aliniita akaniambia kwa upole, kama daktari: "Exaucé, wewe ni mzuri kila mahali, na hapo ndipo shida ilipo. Kila namba nina mtu aliye bora kuliko wewe." Mkataba unaisha wiki ijayo. Nilimaliza msimu nikiwa benchi, jezi kavu, nikiangalia kama kuna mtu ataumia. Yaani nilifikia kuomba mtu aumie.

Yule Khatibu wako alisema mimi ni kiraka, ukajiona mrefu. Hukujiuliza kiraka ni nini? Ni kitambaa cha kuziba tundu. Nguo mpya ikinunuliwa, ya zamani inatupwa pamoja na kiraka chake.

Na ni wewe uliyenifunza hivyo. Usichague. Kaa hapa, nenda pale. Nani humwambia mtoto maneno hayo? Wenzangu walikuwa wanagombania namba zao, wanatukana, wanapiga teke milango, na makocha wanawaheshimu. Mimi nasema "sawa". Nimesema "sawa" miaka kumi na sita. Sijui kusema hapana kwa lugha yoyote. Ulinituma huku bila uti wa mgongo, halafu ukawa unanipongeza kwa jinsi ninavyopinda.

Exaucé


Ayalandi
24 Desemba 2024

Yaya,

Wiki nane hujajibu. Natumaini ni hasira tu, si kitu kingine.

Nafanya kazi kwenye ghala, napakia makasha. Jumapili nacheza na timu ya mtaa, nao wananiuliza, "Leo uko tayari kukaa golini?" Nakaa.

Niandikie hata kunitukana. Noeli njema.

Mdogo wako


Yeoville
9 Machi 2025

Mdogo wangu Exaucé,

Amani iwe nawe. Afya yangu usiiulize, nitakueleza mwenyewe hapa chini.

Sikukasirika. Nilikosa la kuandika, kwa sababu ulichosema ni kweli, na kina upande ambao hujawahi kuujua.

Mwaka ule wa 2008, watu walipokuwa wanachoma nyumba za wakimbizi na wageni wengine hapa na sisi tunalala sakafuni kanisani, mama mdogo Benita aliandika kwamba anaweza kumwita mtoto mmoja wa dada yake. Jina alilotaja lilikuwa langu. Alikuwa na watoto watatu wadogo, alihitaji msichana. Nilimpigia kwa simu ya Mchungaji nikamwambia, "Mchukue Exaucé."

Akasema, "Mvulana wa miaka kumi na mitatu nitamfanyia nini?"

"Atafua. Atabeba watoto. Atalala hata jikoni. Mama mdogo, huyu hachagui kitu."

Nilisikia watoto wake wakilia nyuma yake. Halafu akasema, "Akinisumbua siku moja tu, namrudisha."

Basi maneno yale ya uwanja wa ndege hayakuwa busara. Yalikuwa woga. Nilikuona ukirudishwa huku, kwenye moto. Na woga ule nikaendelea kukutumia ndani ya kila barua, hata ulipokuwa mwanaume mzima mwenye paspoti ambaye hakuna awezaye kumrudisha popote. Hapo ndipo nilipokosea. Nilipaswa kukwambia: sasa chagua. Sikujua jinsi ya kusema, maana hata mimi sijawahi kuchagua, isipokuwa siku ile moja. Na sijajuta, Exaucé. Hata leo.

Sasa afya. Ile siku ya kliniki hapakuwa na foleni. Wanaume wanne walisimama getini wakidai kitambulisho cha raia. Niliwajibu kwa Kizulu, mmoja akasikia lafudhi yangu. "Hamba," akaniambia, nenda zako. Nilirudi mara mbili zaidi, miezi tofauti, na mara zote walikuwepo. Mwaka jana titi lilipofanya kidonda, Agnès alinipakia kwenye teksi mpaka hospitali kubwa. Barua yako ya Oktoba niliisoma nikiwa kwenye benchi la huko, nikisubiri majibu. Daktari, mama mpole sana, alinishika mkono. Ni saratani, na imeingia kwenye mapafu. Januari wakanirudisha nyumbani nipumzike.

Usijilaumu. Nilikuficha mwenyewe.

Yaya wako, Murielle


Ayalandi
10 Machi 2025

Yaya, Yaya yangu,

Sina salamu, nisamehe. Nimekata tiketi. Nafika Jumapili tarehe 16 asubuhi.

Yale niliyoandika Oktoba, yafute. Kama yapo kwenye simu yafute, kama yapo kichwani niachie mimi niyabebe.

Nitakupikia. Nitakuosha, nitakubeba mgongoni mpaka hospitali nyingine, nitazungumza na madaktari, na wale watu wa getini nitasimama mbele yao. Niambie unataka nifanye nini. Chochote, Yaya. Nitafanya chochote.

Mdogo wako,
Exaucé


Yeoville
12 Machi 2025

Exaucé mdogo wangu,

Mkono unaoandika ni wa Agnès, maneno ni yangu. Pumzi ni fupi, kwa hiyo sitasalimia sana.

Usije kufanya chochote. Agnès anapika. Khatibu analeta dawa. Wamama wa kanisa wananiosha, na wananiimbia vibaya. Kila kazi ina mtu wake. Kando ya kitanda kuna kiti, upande wa dirisha. Nimewakataza wasikikalie. Njoo ukae.

Yaya


Yeoville, Johannesburg
17 Machi 2025

Yaya,

Nakuandikia nikiwa nimekaa kwenye kiti ulichoniwekea. Nikituma, simu yako itatetemeka juu ya kabati, hatua mbili kutoka hapa, na najua hutaichukua. Lakini tuliahidiana kuandikiana.

Nilifika jana asubuhi. Khatibu alinipokea kwenye robot, zile taa za barabarani, kona ya Rockey Street, mwanaume mfupi mwenye miwani, akanishika mkono hakuuachia mpaka mlangoni. Agnès alinifungulia. Akaniambia tangu Ijumaa humtambui mtu, na nisiogope nitakavyokuona. Niliogopa. Nilikuacha mwanamke mwenye mashavu, miaka ishirini na moja, na nimekukuta umekuwa mdogo kuliko mimi nilipoondoka.

Nilikaa. Nilitulia kwa dakika kumi tu, nikaanza kutafuta kazi: nikataka kufagia, nikataka kubadilisha maji. Agnès akanielekeza kiti kwa kidole. Nikarudi nikakaa. Nilikaa kutwa.

Saa kumi alasiri ulifumbua macho ukanitazama usoni, muda mrefu. Nilikuwa nimejiandaa miaka kumi na saba kwa neno moja tu, kukwambia, "Ni mimi." Nilifungua mdomo, lakini wewe ulinitangulia.

"Papa," uliniita, kama tulivyomwita baba.

Agnès alisimama na sufuria mkononi.

"Papa," ukasema tena, "Exaucé amekula?"

Nikakushika mkono, nikajibu kwa sauti nzito kadiri nilivyoweza.

"Amekula, binti yangu."

"Ameshiba?"

"Ameshiba. Amelala."

Ukafumba macho. Hujayafumbua tena.

Mdogo wako,
Exaucé