Basi la Anagha Bado Liko Uani

Dada Bhargavi mpendwa, miaka mingi nimesoma shida za wenzangu gazetini nikicheka, leo zamu ni yangu, naomba unisaidie. Mume wangu Prasannan anaendesha lori ng'ambo, Sharjah, huu mwaka wa sita, na tulipatana kwamba tukipata basi letu la abiria huku milimani Idukki atarudi nyumbani, tukalinunua, tukaliandika mbele jina la binti yetu Anagha kwa rangi nyekundu, nikaomba kibali cha njia, maana bila hicho halibebi abiria, na tangu hapo ni miaka miwili na ushee basi limekaa chini ya mfenesi, kila asubuhi naliwasha betri isife, nashika usukani ambao Prasannan hajaugusa, na dada, nalia. Kuku wanataga kwenye viti vya nyuma. Jirani yangu Kunjamma kila akipita, “We Vasanthi, basi lako bado linaatamia?” Ofisi ya uchukuzi karani ananiambia, “Kikao cha vibali kimeahirishwa mama, nenda tu, tutakuita,” na Prasannan kwenye simu, “Kibali kikitoka, siku hiyo hiyo nakata tiketi.” Mwaka jana mnajimu alisema ombi niliingiza saa mbaya, nikaliondoa, nikaliingiza upya siku njema. Kaka yangu anasema niende Mahakama Kuu, lakini naogopa kugombana na serikali, tena naogopa wakisema hapana, maana sasa angalau nangoja. Namtamani mume wangu mpaka naona haya kuandika. Nifanye nini?

Vasanthi, Idukki

Vasanthi mdogo wangu, usione haya. Kumtamani mumeo si kosa. Kosa ni la mnajimu! Ulikuwa kwenye foleni, ukatoka kwa miguu yako ukarudi mkiani. Saa mbaya ndiyo ile uliyomsikiliza.

Sasa sikia. Mahakama Kuu haitakupa kibali. Itaiamuru ofisi ikusikilize na kuamua ndani ya muda itakaoutaja, ndiyo au hapana, kwa maandishi. Huko si kugombana, ni kudai jibu. Andika barua leo, taja tarehe ya ombi lako, ipeleke mwenyewe, na usibanduke pale mpaka nakala yako igongwe muhuri. “Tutakuita” haina muhuri. Mwezi ukipita kimya, mpe wakili nakala hiyo. Wakikataa, utakata rufaa. Kimya hakikatiwi rufaa. Na hao kuku watoe.

Lakini barua yako nimeisoma mara tatu, na karani si yeye anayekuliza. Basi lina miaka miwili uani, Prasannan ana sita ugenini. Kibali cha njia hakimzuii mtu kupanda ndege. Unaogopa hapana ya ofisi, au ya kwake? Mpigie simu, muulize: “Wakininyima, utarudi?” Kisha nyamaza, usimsaidie kujibu.

Ofisi itapangiwa tarehe na jaji. Mumeo hana jaji, Vasanthi. Tarehe yake mpangie wewe.

Bhargavi