Tulimwombea Malkia wa Ukungu

Mama,

Nimeimaliza ile katuni yetu. Msimu wa mwisho ulitoka baada ya kukuzika, na nikaukwepa miezi mizima, maana kuutazama peke yangu kungekuwa kukubali kwamba hauko.

Unakumbuka tulivyoanza? Nilikuwa nikitazama kwa simu, wewe unamenya waru, viazi vya jioni, ukauliza yule mwanamke mwenye nywele za moshi ana nini. Nikakueleza kwa Kimeru kwamba huyo ni Malkia wa Ukungu, mbaya kabisa, anaiba moto wa kila kijiji. Basi ukawa huniachi. Tulipofika mahali wanapoonyesha alivyofungiwa nje kwenye baridi akiwa mtoto, uliweka kisu chini. "Huyu ni wa kuombewa," ukasema.

Na kweli ukampeleka kwa kikundi cha akina mama kanisani, bila kuwaambia kwamba ni katuni! Siku ya mazishi Mama Kendi alinishika mkono akaniuliza, "Na yule msichana alifukuzwa kwao, siku hizi anaendelea aje?" Nilicheka mbele ya jeneza lako, Mama. Watu wakadhani nimechanganyikiwa.

Sasa sikia. Malkia amebadilika, moto wote ameurudisha. Aliyeharibika ni Zanari, yule shujaa ambaye hukuwahi kumwombea kwa sababu, ulisema, huyo yuko sawa. Miaka yote alibeba kila mtu na hakuna aliyemuuliza kama amechoka. Malkia alipokuja kuomba msamaha, yeye ndiye aliyekataa kumsikiliza. Nikalia vibaya sana.

Nilimwelewa, Mama. Mwenda amepiga simu, anasema ameacha pombe na anataka kurudi nyumbani hapa Kibirichia. Kaka yangu huyo ulimwombea kila asubuhi, kwa jina. Mimi niliyekuogesha na kulima shamba sikuwahi kusikia jina langu. Nilikasirika, na si kwake tu. Hata kwako.

Lakini nimemwambia aje Jumamosi. Nimemtandikia kitanda. Hasira haijaisha, nisikudanganye.

Pumzika, mama yangu mpenzi. Nakuahidi nitampokea vizuri na nitampakulia kama ulivyokuwa ukimpakulia. Ila huko uliko, kama bado unaomba, safari hii niombee mimi.

Binti yako,
Kathure