Uyoga Usio na Mwenyewe

Shinyalu, 6 Aprili 2025

Kwako Khaemba,

Mwanao ametambaa sasa hivi mpaka kwa kikapu, akachukua uyoga, akauweka kichwani kama kofia, akanicheka. Nikasema huyu ni wewe kabisa. Hujambo lakini? Sisi tuko salama, kile kikohozi chake kimeisha. Nakuandikia kwa karatasi kwa sababu simu umenifungia. Siku ya Pasaka anabatizwa, na nataka abebe jina la kwenu. Nipe moja tu. Natumaini bado, usinicheke.

Mama mtoto wako,
Awinja

Malava, 13 Aprili 2025

Awinja, salamu. Afya yangu ni njema, hasa nikiwa mbali. Wewe uliyeachia shule darasa la saba hutaelewa, lakini mimi ni malenga, na malenga hujibu kwa vina:

Uyoga hauna shina, wala mbegu haujui,
Wachomoza bila jina, mwenye shamba hatambui.

Beti hizi nilizighani jana harusini, nikasema zinamhusu msichana fulani wa Shinyalu. Watu walishika mbavu. Mama yangu tu ndiye alinuna, akauliza, "Na huo uyoga ni wa nani?" Wazee hawajui mafumbo. Usiniandikie tena.

Khaemba, malenga

Shinyalu, 19 Aprili 2025

Malenga,

Hujambo na vina vyako? Sisi wazima, tunakula tunashiba. Nimesoma nikacheka mpaka mtoto akashtuka. Eti uyoga hauna kwao! Umekulanga wa mama yako na obusuma, ugali wetu, tangu utoto, na hujawahi kuuliza alikuwa anautoa wapi? Kila mvua unarudi kwa kichuguu kile kile. Ulimi mrefu hivyo, na macho huna. Haya, shika shairi langu, la darasa la saba:

Uyoga haupotei, kwao ni kichuguuni,
Baba naye hapotei, amebaki sikioni.

Maana masikio ya huyu mtoto, Khaemba, ni yako yale yale, yametanuka pande zote. Upepo ukivuma yanapepea. Hayo utayakana kwa vina gani?

Nilikuwa nimekungoja, mjinga mimi. Sasa kesho atabeba jina la baba yangu, na wewe ubaki na harusi za watu.

Ngoja, mama ananiita huko nje. Anasema, "Awinja! Kuja haraka! Kuna mama mzee ameshuka pikipiki, ametoka Malava, ana ingokho kwapani, kuku mzima, anauliza uyoga wake uko wapi!"